Beki wa pembeni hapimwi kwa pasi alizonasa tu
Mashabiki wengi wa futiboli ya Kimarekani huamini kwamba beki wa pembeni (mlinzi anayewakaba wapokeaji pasi) asiyenasa pasi nyingi za wapinzani ameshuka kiwango. Mtazame Nnamdi Asomugha, beki aliyechezea timu ya Oakland Raiders: mwaka 2006 alinasa 8, kisha 1 tu kila msimu hadi 2009. Hata hivyo, mwaka 2008 aliteuliwa kwenye kikosi bora cha NFL, ligi kuu ya mchezo huo Marekani. Warushaji wa timu pinzani walikuwa wameacha kutupa mpira upande wake.

Kazi yenyewe ya beki huyu ni kumganda mpokeaji, yaani mpinzani anayetumiwa pasi. Sheria inaruhusu kumsukuma ndani ya yadi 5 za mwanzo kutoka mstari mchezo unapoanzia. Akimsukuma kupita hapo, timu yake huadhibiwa yadi 5 na wapinzani hupata majaribio mapya manne ya kusogeza mpira mbele. Na beki mwenye tamaa ya kunasa pasi ni hatari kwa timu yake: akiurukia mpira akaukosa, mpokeaji ana uwanja mtupu.