Uso wa mtoto ukigeuzwa stika: maswali ya wazazi kuhusu uonevu wa mtandaoni

Vijana wametaniana siku zote. Kwa nini sasa tuite uonevu?

Utani huenda na kurudi: leo mimi, kesho wewe, na mmoja akisema "basi" wenzake huacha. Uonevu huelekea upande mmoja, hurudiwa, na anayeonewa hana la kujibu. Chukua stika. Mwanafunzi anapigwa picha akisinzia darasani, uso unakatwa, unawekewa maneno ya kejeli, kisha unarushwa kwenye grupu la darasa la WhatsApp. Likizungumzwa lolote, hata mtihani wa hesabu, kuna atakayeirusha tena. Mzazi akisoma haoni tusi, anaona vicheko tu. Mwenye uso anaiona mara ishirini kwa siku.

Maneno ya simuni yanaumizaje mwili?

Sisi tulipochekwa shuleni, kengele ya kutoka ilikuwa nafuu. Simu inalala chini ya mto. Mtoto anashtuka usiku kuangalia wamesema nini tena, na mwili unaokaa macho hivyo humwaga homoni za msongo: moyo unaenda mbio, misuli inakaza, tumbo linavurugika. Ndiyo maana mtoto anaweza kupelekwa zahanati kwa kichwa au tumbo, akapimwa malaria, isionekane. Haigizi, anaumwa kweli. Hali ikidumu huja sonona, hofu, na kuchukia shule. Katika kura ya maoni ya UNICEF ya mwaka 2019 kwenye nchi 30, kijana mmoja kati ya watatu alisema ameonewa mtandaoni, na mmoja kati ya watano amewahi kukosa shule kwa sababu hiyo.

Nitajuaje, na yeye hasemi?

Tazama kilichobadilika: anageuza kioo cha simu ukipita, anasusa chakula baada ya kusoma ujumbe, anaomba ghafla kuhama shule.

Nimnyang'anye simu?

Hapana. Hapa ndipo wengi wetu tunapokosea. Watoto hunyamaza kwa sababu wanajua wakisema, simu itaondoka, yaani aliyeonewa ndiye ataadhibiwa. Mwambie mapema kwamba hutaichukua. Kisha mpige skrinishoti za ujumbe, zionyeshe namba na tarehe, kabla ya kufuta chochote. Baada ya hapo mripoti mhusika ndani ya programu (WhatsApp hupokea ujumbe wake wa mwisho hadi mitano), ndipo mmzuie.

Picha ya utupu ya mtoto ni jambo jingine. Usiihifadhi wala kumtumia yeyote, hata kwa nia njema. Andika nani kaituma, namba yake, siku na saa, uende polisi.

Sheria inasemaje?

Tanzania, kifungu cha 23 cha Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 kinataja faini isiyopungua shilingi milioni 5, au kifungo kisichopungua miaka 3, au vyote viwili. Lakini mara nyingi anayeonea ni mtoto wa jirani, kwa hiyo mimi ningeanza na mwalimu wa malezi na wazazi wenzangu. Pakiwa na vitisho, picha za utupu au kudaiwa pesa, usizungumze na jirani. Nenda Dawati la Jinsia na Watoto kituo cha polisi. Namba 116 ya kumsaidia mtoto hupigwa bure.

Akisema amechoka kuishi?

Usimwambie "acha maneno hayo". Muulize waziwazi kama anafikiria kujiua. Kumuuliza hakumpandikizi wazo hilo, kunampa nafasi ya kulitoa. Usimwache peke yake. Ondoa dawa, sumu ya panya na ya shambani, umpeleke hospitali siku hiyo hiyo.

Na kama mwanangu ndiye mwonevu?

Swali hili huulizwa kwa nadra, ingawa kila stika ina aliyeitengeneza. Fimbo itamfundisha kujificha vizuri zaidi. Kaa naye, mfungue grupu pamoja, akueleze ilivyoanza. Afute alichotuma, kisha aombe radhi. Wapi? Kama alimdhalilisha mwenzake mbele ya watu arobaini, radhi ya pembeni haitoshi. Ila kwanza aliyeumizwa aulizwe kama anataka jambo hilo litajwe tena kwenye grupu, na akikataa, akubaliwe.