Dau lililogawanywa kabla mchezo haujaisha

Kazi yangu ni kukokotoa michango ya bima ya maisha. Watu wakibishana ni wazo gani limeigeuza dunia, wengi hutaja mashine. Mimi hutaja ugomvi wa kamari.

Wachezaji wawili wameweka sarafu 32 kila mmoja. Atakayetangulia kushinda raundi tatu anazoa zote 64. Mchezo unakatika mmoja akiwa na ushindi mara mbili, mwenzake mara moja. Wagawaneje? Mwaka 1494 Luca Pacioli, mwanahisabati wa Italia, alisema wafuate raundi walizokwisha kushinda, mbili kwa moja. Ukiisikia unaona ni haki. Lakini mchezo ukikatika baada ya raundi moja tu, aliyeshinda hiyo moja anaondoka na kila kitu!

Mwaka 1654 wanahisabati wawili wa Ufaransa, Blaise Pascal na Pierre de Fermat, walilijadili jambo hili kwa barua. Pascal hakutazama nyuma. Aliuliza: raundi inayofuata ingechezwa, ingekuwaje? Anayeongoza akishinda, anabeba 64. Akishindwa, wako sare, kila mtu na 32 zake. Basi 32 ni za kiongozi kwa vyovyote vile, na 32 zilizobaki ni nusu kwa nusu. Wagawane 48 kwa 16. Hapo bado mwili hunisisimka: jambo ambalo halijatokea limepewa bei.

Barua peke yake zisingeajiri mtu kama mimi. Zilihitaji takwimu, nazo zikatoka kwingine kabisa. John Graunt, mfanyabiashara wa nguo wa London, alichambua orodha za vifo vya jiji lake na kuchapisha matokeo mwaka 1662. Mwaka 1693 Edmond Halley, mwanaastronomia wa Uingereza, alitumia kumbukumbu za vifo za mji wa Breslau (leo Wrocław, Poland) kukadiria, kwa kila umri, wangapi watauona mwaka unaofuata. Kampuni ya bima ya maisha iliyotoza wateja kwa kufuata umri wao, Equitable ya London, ilianza 1762. Zaidi ya karne nzima tangu zile barua! Wazo huzagaa likishakuwa jedwali ambalo karani anaweza kulisoma bila kumjua Pascal.

Wateja wenyewe bado hawajashawishika. Kila mara yupo anayeniambia, "Bwana, nimelipa miaka kumi na sijafa, si mnirudishie kidogo?" Namjibu kwa upole, lakini moyoni nasema: huyu ni wa Pacioli.