Neno "news" halikutoka kwenye pande nne za dunia

Wengi wetu tuliambiwa tangu shule kwamba neno la Kiingereza news ni kifupi cha North, East, West na South, yaani habari kutoka kaskazini, mashariki, magharibi na kusini. Inakaririka kirahisi na inaleta maana, ndo maana imedumu, na aliyetufundisha hakuwa na nia mbaya, naye alifundishwa hivohivo.

Ila asili yake ni nyepesi zaidi. News ni new, yaani -pya, ikaongezwa s ya wingi, kwa hiyo mwanzoni ilimaanisha tu "mambo mapya", na ilianza kutumika hivo mwishoni mwa zama za kati. Wafaransa nao wanaita habari nouvelles, mambo mapya vilevile, na hapo herufi za dira hazipo kabisa. Halafu zamani Waingereza wenyewe waliandika newes, wengine newis, sasa kama ingekuwa kifupi cha pande nne ile herufi ya tano ingetoka wapi?

Ukitaka kuhakikisha mwenyewe fungua kamusi kubwa ya Kiingereza, hata za bure mtandaoni zipo, shuka mpaka wanapoeleza asili ya neno, cheki limeanza lini na liliandikwaje. Na ukiambiwa neno la kale ni kifupi, jipe muda kwanza, kwa sababu kuunda maneno kwa herufi za mwanzo kumeshamiri karne ya 20. Rada kweli imezaliwa hivo, news hapana.