Tume ya uchaguzi: anza kumtazama anayeshika fomu

Mkazi wa Ngamiani, Tanga, akipiga kura zote zinazomhusu atakuwa amesimamiwa na mamlaka mbili. Mwenyekiti wa mtaa alichaguliwa tarehe 27 Novemba 2024 chini ya usimamizi wa TAMISEMI, yaani wizara ya serikali. Diwani, mbunge na Rais wako chini ya Tume Huru ya Taifa ya Uchaguzi. Hata daftari si moja: aliyekuwa tayari kwenye Daftari la Kudumu la Wapiga Kura ilimbidi ajiandikishe upya kwa ajili ya mtaa, na wengi walilijua hilo wakiwa wamechelewa. Ndugu yake aliyeko Wete, ng'ambo ya mkondo wa Pemba, naye ana mbili: Tume ya Zanzibar kwa Rais wa Zanzibar na wawakilishi, na hii ya Taifa kwa Rais wa Muungano na wabunge.

Kwa hiyo mifumo inayoelezwa kana kwamba kila nchi ina wake, sisi tunaishi nayo pamoja. Kuna mfumo wa serikali kusimamia yenyewe, kuna wa tume iliyojitenga na serikali, na kuna wa mchanganyiko kama Ufaransa, ambako Wizara ya Mambo ya Ndani huandaa uchaguzi wa rais na Baraza la Katiba hutangaza matokeo. Uingereza ina tume iliyoanza kazi mwaka 2001, lakini upigaji kura wenyewe unaendeshwa na maofisa wa halmashauri. Marekani hakuna tume ya taifa inayohesabu kura: kazi hiyo ni ya majimbo na kaunti zao, na tume ya shirikisho yenye makamishna 6 inashughulika na fedha za kampeni tu.

Mjadala wetu kuhusu uhuru wa tume huishia kwenye uteuzi wa wajumbe, na si bure. Afrika Kusini ina makamishna 5 wanaokaa kwa kipindi cha miaka 7, na mmoja wao lazima awe jaji. Jopo linaloongozwa na Jaji Mkuu huwafanyia usaili hadharani na kupeleka bungeni majina yasiyopungua 8, kamati yenye vyama vyote inachuja, Bunge linapiga kura, ndipo Rais anateua. Kwetu Sheria ya Tume Huru ya Taifa ya Uchaguzi, Na. 2 ya 2024, imeleta kamati ya usaili chini ya Jaji Mkuu, lakini majina yakitoka hapo yanakwenda moja kwa moja kwa Rais. Tofauti ni hatua moja, ile ya Bunge, na kwa maoni yangu ni hatua nzito kwa sababu ndipo wapinzani wanapopata nafasi ya kusema hapana mbele ya watu.

Lakini Ghana inanizuia nisilitilie jambo hili uzito wote. Huko Rais huteua kwa ushauri wa Baraza la Dola, yaani baraza la washauri wake, njia ambayo kwenye karatasi ni dhaifu. Hata hivyo mwenyekiti hukaa hadi umri wa kustaafu kama jaji wa Mahakama ya Rufani, na Kwadwo Afari-Gyan alikaa tangu 1993 hadi 2015. Mwaka 2000 na 2008 chama tawala kilishindwa na kikakabidhi, mara ya pili kwa tofauti isiyofika asilimia 1 ya kura. Tangu 1994 tume ile imekuwa ikikaa na vyama kwenye kamati ya ushauri na kujadili daftari, masanduku na ratiba kabla ya mambo kuharibika. Mtu asiyeogopa kesho yake huamua tofauti na anayesubiri mkataba uongezwe.

Sasa tushuke chini, kwa msimamizi wa uchaguzi wa jimbo. Huyu ndiye anayepokea au kukataa fomu za wagombea, anayejumlisha fomu za vituo na kumtangaza mbunge. Mkoa wa Tanga una halmashauri 11, na kwa miaka mingi msimamizi amekuwa mkurugenzi wa halmashauri, mteule wa Rais. Mahakama Kuu ilikataza jambo hilo Mei 2019, Mahakama ya Rufani ikatengua uamuzi huo Oktoba mwaka huohuo. Hoja ya kuwatetea wakurugenzi inaeleweka: wana ofisi, magari, walimu wa kuwapa semina. Makarani wa vituo ni kama msemo wetu wa Tanga, waja leo waondoka leo, na lazima awepo mwenyeji wa kuwapanga.

India ina shida hiyohiyo kwa ukubwa usiomithilika. Tume ya watu watatu haiwezi kuajiri jeshi lake, kwa hiyo inaazima watumishi wa serikali. Lakini sheria inasema mtumishi huyo, tangu uchaguzi unapotangazwa hadi matokeo yatoke, yuko chini ya usimamizi na nidhamu ya tume. Tume inaweza kumwondoa ofisa wa wilaya katikati ya kampeni. Hapo ndipo ninapoona dawa inayotufaa kwanza: kama hatuwezi kubadili mwajiri, tubadili anayemwadhibu. Mexico imekwenda mbali zaidi. Wahudumu wa vituo hupatikana kwa bahati nasibu kutoka kwenye daftari: huchotwa mwezi wa kuzaliwa, kisha asilimia 13 ya wapiga kura wa kila eneo, wanafundishwa, wanachujwa tena. Anayehesabu kura za mtaa ni jirani asiyejua kama angechaguliwa.

Kenya, hapo Lungalunga tu ukivuka Horohoro, inaonyesha upande mwingine. Tume ina wasimamizi wake wa majimbo 290, na tangu 2017 hesabu ya urais iliyotangazwa jimboni ni ya mwisho, makao makuu hayawezi kuigusa. Fomu 34A ya kila kituo hujumlishwa kwenye 34B ya jimbo, kisha 34C ya taifa. Mwaka 2022 picha za 34A ziliwekwa wazi mtandaoni, mwenye kikokotoo akajumlisha mwenyewe. Ndiyo maana makamishna 4 kati ya 7 walipoyakataa matokeo, karatasi zilibaki na neno lake mahakamani. Udhaifu ulitokea penginepo: viti vya makamishna vilikaa wazi tangu Januari 2023 hadi Julai 2025, na majimbo yaliyofiwa na wabunge yakakosa uchaguzi mdogo. Tume huru isiyo na utaratibu wa kumrithisha kamishna kabla hajaondoka hukwama vilevile.

Umebaki mlango wa mahakama. Kenya malalamiko ya urais hufunguliwa ndani ya siku 7 na kuamuliwa ndani ya siku 14. Septemba 2017 uchaguzi ulifutwa. Malawi ulifutwa Februari 2020, karatasi za matokeo zikiwa zimepakwa wino mweupe wa kufutia. Kwetu aliyeshindwa ubunge Tanga Mjini anaweza kufungua shauri Mahakama Kuu. Aliyeshindwa urais, mshindi akishatangazwa, Ibara ya 41(7) ya Katiba inamfungia, ingawa Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu ilisema Julai 2020 kwamba ibara hiyo inakiuka Mkataba wa Afrika wa haki hizo. Ibara bado ipo.