Rambirambi si fidia: yanayokwamisha madai ya familia baada ya ajali ya barabarani

Kila inapotokea ajali kubwa ya basi, simu za dawati letu la malalamiko hazitulii, na swali la kwanza karibu siku zote ni lile lile: "Serikali inalipa shilingi ngapi kwa marehemu mmoja?" Hakuna bei ya marehemu. Fidia inadaiwa kwa kampuni ya bima ya gari lililosababisha ajali, na kiwango hutegemea umri wa marehemu, kipato chake na watu aliokuwa akiwatunza: mwenzi, watoto, wazazi. Mjomba aliyesimamia mazishi tunamheshimu sana, lakini kusimamia mazishi hakumfanyi kuwa mtegemezi.

Wengine hawafiki kabisa ofisini kwa sababu wameambiwa gari lilikuwa na "bima ndogo tu". Jamani! Bima ndogo ndiyo hasa bima ya watu wengine, yaani wale walioumizwa au kuuawa na gari hilo. Bima kubwa inaongeza ulinzi wa gari lenyewe. Chukueni namba ya usajili ya gari, ihakikini kwenye TIRA MIS, mfumo wa Mamlaka ya Usimamizi wa Bima Tanzania, mtaona kampuni iliyotoa bima na kama ilikuwa hai siku ya ajali. Kama haikuwa hai, anayedaiwa ni mmiliki na dereva wake, na hapo tafuteni wakili.

Jeneza, usafiri wa mwili na laki kadhaa alizoleta tajiri wa basi msibani ni rambirambi. Pokeeni. Ila karatasi inayoandamana na bahasha isomwe na mtu ambaye macho yake hayajavimba kwa kulia, kwa kuwa tumeziona zenye mstari wa mwisho unaosema familia "haina madai mengine yoyote".

Sasa nyaraka. Polisi wa usalama barabarani watawapa taarifa ya ajali (PF 90), ripoti ya ukaguzi wa gari (PF 115) na ramani ya eneo la ajali. Kesi ikifika mahakamani, ombeni pia nakala ya hati ya mashtaka na ya hukumu. Hospitalini mnahitaji taarifa ya uchunguzi wa mwili. Ikiwa majeruhi alilazwa wiki kadhaa ndipo akafariki, PF 3 yake (fomu ya polisi ya matibabu) itunzwe, na ripoti ya daktari ioneshe kwamba kifo kilitokana na majeraha ya ajali ile. Ikiishia kwenye "homa ya mapafu" bila kutaja mbavu zilizovunjika, mtabishana na kampuni muda mrefu. Kifo kisajiliwe ndani ya siku 30 ili RITA, wakala wa serikali wa usajili wa vizazi na vifo, watoe cheti. Kisha ukoo ukae kikao, muhtasari uandikwe na kusainiwa, na mliyempendekeza afungue shauri la mirathi Mahakama ya Mwanzo kwa Fomu Na. 1. Tangazo hubandikwa, na asipopingwa hupewa Fomu Na. 4 inayomteua kuwa msimamizi wa mirathi. Bila hiyo fomu kampuni haina mtu wa kumlipa, hata kama mmekubaliana wote.

Kinachotuumiza zaidi ni majina. Mjane mmoja alikuja na mfuko wa plastiki wenye kila karatasi niliyoitaja. Kitambulisho cha NIDA cha mumewe kiliandikwa Athumani, cheti cha kifo Othman, na PF 90 ilikuwa na jina la utani alilolitumia stendi. Watu watatu, maiti moja. Alirudi kutafuta kiapo na marekebisho kwa miezi, akiwa na mtoto mgongoni. Kabla hamjaondoka kwenye dirisha lolote, someni jina herufi kwa herufi, hapo hapo.

Madai yakishakamilika, kampuni ina siku 45 za kulipa. Narudia: yakishakamilika. Siku hizo hazihesabiwi tangu ajali itokee, wala tangu mlipoanza kupiga simu. Ikikaa kimya au ikikataa, iandikieni kwanza, mbaki na nakala iliyogongwa muhuri wa mapokezi, ndipo mwende kwa Msuluhishi wa Migogoro ya Bima. Huduma yake haina malipo, kwa hiyo yule kishoka wa mochwari anayetaka theluthi "ya kusukuma faili" anawauzia kitu cha bure. Anayetengeneza mtegemezi wa bandia au cheti cha kughushi anajitafutia kesi ya jinai, na madai halali ya familia yanakwama pamoja naye.

Kama marehemu alikuwa dereva au kondakta aliyekuwa kazini, kuna mlango mwingine: Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi (WCF), ambako taarifa ifike ndani ya miezi 12. Huko haulizwi nani alikuwa na makosa barabarani.

Mwisho wa safari, kampuni itampa msimamizi wa mirathi hati ya kuridhia malipo asaini. Akikuta nafasi ya kiasi iko wazi, au akiambiwa "saini tu, tutajaza", airudishe mezani.