Babu alikuja na reli au na jahazi? Anzia hapo kutafuta ukoo

Watu wengi wanaokuja kwetu kwenye hifadhi ya nyaraka kutafuta ukoo wao wa Kihindi wanaanza na neno moja tu, babu alikuja kujenga reli. Inaweza kuwa kweli ila mara nyingi siyo. Reli ya Mombasa mpaka Kisumu ilijengwa 1896 hadi 1901, wakaletwa vibarua karibu 32,000 toka India, wengi Wapunjabi, karibu 2,500 wakafia hukuhuku, wengine wakarudi kwao, waliobaki ni kama 6,700 tu. Kina Patel na kina Shah wengi ni watu wa Gujarat waliokuja kivyao kufanya biashara au ukarani, na watu wa Kutch, pwani ya magharibi ya India, walishakuja na majahazi zamani, mfano mfanyabiashara Alidina Visram alifika 1863 reli haijawazwa.

Kwa hiyo kabla hujafungua faili lolote kaa na bibi au shangazi umuulize jina la kijiji. Kijiji jamani, sio mkoa. Ukiambiwa Punjab bado, maana 1947 iligawanywa, Lahore ikaenda Pakistan, Amritsar ikabaki India, ukikosea upande utahangaika sana. Singh nalo peke yake halikufikishi popote, karibu kila mwanaume wa Kalasinga analo, uliza jina la ukoo linalofuata, mfano Bhogal au Sagoo, hizo ni koo za Ramgarhia, yaani Kalasinga mafundi, maseremala na wahunzi.

Familia za Kihindu zina hazina ambayo vijana wengi hawaijui, pale Haridwar kwenye mto Ganga kuna mapandit, yaani makuhani wa Kihindu, wanatunza vitabu virefu vya nasaba vilivyopangwa kwa kijiji na ukoo, mtu akipeleka majivu ya marehemu anaandikisha na watoto waliozaliwa, yaani unaweza kukuta mwandiko wa babu wa babu yako. Bila kijiji hawakupati.

Huku kwetu pitia vitabu vya ndoa vya gurudwara (hekalu la Kalasinga), misikiti na jamatkhana (nyumba ya ibada ya Waismailia), halafu Gazeti la Serikali la zamani, upande wa matangazo ya mirathi, utaona marehemu alifia wapi na nani anadai mali.

Kinachoniuma ni hiki, wapo wanaume wa Kihindi waliozaa na akina mama wa huku na watoto wakaachwa nje ya kitabu cha ukoo. Ni damu ileile. Kama wewe ni wa upande huo tafuta cheti cha ubatizo au rejista ya shule ya zamani, jina la baba linaweza kuwepo hata kama ukoo ulimkana mtoto, na wewe wa upande wa pili ukikuta kwenye mirathi jina usilolijua, liandike, usiliruke.