Stephen Crane hakuwa askari, na uhalisia si kamera

Kila muhula nasahihisha insha kuhusu Stephen Crane, mwandishi wa Marekani, na kila muhula sentensi ileile hunifikia kama bili ya maji: "Kwa kuwa Crane alipigana katika Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe vya Marekani, aliweza kuviandika kwa uhalisia mkubwa." Zamani niliandika maelezo marefu pembeni. Siku hizi naandika tarakimu nne tu, 1871, nikafungua ukurasa unaofuata.

Huo ndio mwaka aliozaliwa, huko Newark, New Jersey, mtoto wa kumi na nne wa mchungaji wa Kimethodisti. Vita vilikuwa vimekwisha 1865. The Red Badge of Courage (Beji Nyekundu ya Ujasiri), riwaya yake ya vita hivyo, ilipotoka kama kitabu mwaka 1895, mwandishi hakuwa ametimiza miaka ishirini na minne, wala hakuwa amesikia mlio wa bunduki vitani. Wanafunzi wangu wana wenzao, sikatai. Kanali mmoja aliyepigana vita hivyo alidai kwamba alikuwa pamoja na Crane kule Antietam. Pigano la Antietam ni la 1862.

Nikishasema hayo darasani, mkono mmoja huinuka: "Basi mwalimu, aliyatoa wapi?" Swali zuri, na jibu lake lipo. Alikulia kwa sehemu Port Jervis, mji wa jimbo la New York uliojaa wanaume waliorudi kutoka vitani. Alisoma shule yenye mafunzo ya kijeshi, akajua kupiga kwata na kutii amri. Alicheza mpira wa Kimarekani, na mwenyewe alisema uwanjani ndiko alikojifunza hasira ya kupambana. Tena alikuwa akishinda kwenye studio ya rafiki yake mchoraji, Linson, akifunua matoleo ya zamani ya jarida la Century yenye kumbukumbu za majenerali na maofisa. Linson anakumbuka jinsi kijana huyo alivyokereka: wakongwe hawa wanaeleza bila kuchoka walichofanya, lakini hakuna anayesema alijisikiaje.

Hapo ndipo riwaya ilipozaliwa, ndani ya kitu ambacho mashahidi waliokuwepo hawakukiandika. Henry Fleming, askari kijana ambaye ndiye mhusika mkuu, hajui yuko pigano gani. Jina la Chancellorsville, pigano linaloaminika kuwa ndilo linalosimuliwa, halimo kitabuni hata mara moja. Linatajwa baadaye katika hadithi fupi ya 1896, Henry akiwa mzee. Ndani ya riwaya kuna moshi, uvumi, amri zinazopingana, na kijana anayejiuliza kama atakimbia. Anakimbia.

Mwaka 1897 Crane alikwenda Ugiriki kuripoti vita kati ya Wagiriki na Waturuki, akaona vita kwa macho yake kwa mara ya kwanza. Baadaye alimwambia rafiki yake, mwandishi Joseph Conrad, kwamba kitabu kiko sawa. Angalia mpangilio: kitabu kwanza, vita baadaye.

Kinachonichosha hasa si kosa la tarehe. Tarehe mtu anaweza kuitafuta kwenye simu. Kinachonichosha ni imani iliyo chini yake, kwamba mwandishi wa uhalisia ni mtu anayenakili alichokiona, kama kamera, na ubora wake unapimwa kwa ukaribu wake na tukio. Ukishaamini hivyo, huwezi tena kumsoma Crane. Utabaki kumhoji kama shahidi mahakamani.

Kuna kesi moja ambapo alikuwepo kweli, na ndiyo dawa ninayompa kila mtu. Tarehe 31 Desemba 1896 meli ya Commodore iliondoka Jacksonville, Florida, ikiwa na silaha za waasi wa Cuba. Crane alikuwemo kama mwandishi wa habari. Asubuhi ya tarehe 2 Januari ilizama. Yeye, nahodha aliyeumia, mpishi, na Billie mtia mafuta mitambo walikaa takriban saa thelathini ndani ya mashua ndogo kabla ya kuvuka mawimbi ya ufukweni Daytona. Billie alikufa palepale, karibu na nchi kavu. Tarehe 7 Januari Crane akachapisha taarifa yake katika gazeti la New York Press. Juni mwaka huohuo jarida la Scribner's likatoa hadithi yake, The Open Boat.

Mtu mmoja, tukio moja, miezi mitano katikati. Ziweke taarifa na hadithi mezani, moja kushoto na nyingine kulia. Taarifa ya gazeti imejaa meli: ilivyokwama kwenye matope ya mto, maji yalivyoingia chumba cha mashine, watu walivyopokezana ndoo, mashua zilivyoshushwa. Kuna wanaume saba walioachwa melini na vyelezo vyao. Kuna msaidizi wa nahodha anayejirusha baharini. Kuna mchochea moto aliyeshika kamba akitaka kuivuta mashua kwake, na kamba ikabidi iachiliwe. Ni sinema tupu. Kuhusu zile saa thelathini, Crane anasema kwa sentensi moja tu kwamba habari zake zingewafaa vijana, ila hazitasimuliwa hapo.

Sasa geukia hadithi. Inaanza pale gazeti liliponyamaza: "Hakuna hata mmoja wao aliyejua rangi ya anga." Macho yote yako kwenye mawimbi. Wale wanaume saba, ambao mhariri yeyote angewaweka ukurasa wa mbele, wamebaki kuwa nyuso saba tu zilizogeuka katika mapambazuko, na hata hizo zimo kichwani mwa nahodha, ndani ya nusu sentensi. Tukio zima la kutisha limeminywa hadi likawa kumbukumbu ya mtu mwingine. Kati ya wanne wa mashuani, Billie peke yake ana jina. Na lile swali la "kama nitazama, kwa nini niliruhusiwa kufika hadi hapa nikaona mchanga na miti?" linarudi na kurudi kama kiitikio cha wimbo wa kazi. Kiitikio hicho kilitungwa kama wimbo unavyotungwa, na wapiga makasia wetu wa pwani wangekitambua mara moja.

Kwa hiyo hata alipokuwa na kila haki ya kunakili, alikata na kupanga upya. Ushauri wangu, na najua wanafunzi wameuchoka: isome The Open Boat kwa sauti, usiku mmoja, kabla ya kufungua utangulizi wa mhariri yeyote. Utangulizi utakwambia nini cha kuona. Sauti itakuonyesha mwendo wa makasia.

Makosa mengine ya insha hizo nitayapitia haraka.

"Henry anaanza mwoga, anamaliza shujaa." Mpango huu wa hadithi za watoto unavunjwa na jeraha lenyewe linalokipa kitabu jina. Henry anaona wivu kwa majeruhi, anatamani naye awe na beji yake nyekundu. Anaipata: askari wa upande wake mwenyewe, anayekimbia kwa hofu, anampiga kichwani kwa kitako cha bunduki. Wenzake wanadhani ni risasi, naye anawaacha wadhani hivyo. Kabla ya hapo alikuwa amemtelekeza shambani majeruhi mmoja aliyekuwa akimjali. Katika sura ya mwisho kumbukumbu hiyo inamrudia, anahangaika kidogo, kisha anapata namna ya kuisukuma mbali na kujiona mwanamume kamili. Ndiyo, siku ya pili anapigana kwa ujasiri, na bendera anaibeba. Lakini anayesema amekuwa mwanamume ni Henry, na huyu Henry tumemwona akijidanganya tangu mwanzo.

"Uasilia maana yake binadamu hana la kufanya, mazingira yameshaamua." Uasilia ni mkondo wa fasihi ambao Crane huwekwa ndani yake, na nadhani tafsiri hii inatoka kwenye vijitabu vya marejeo vya kukaririwa usiku wa mtihani. Crane anaonyesha kweli kwamba maumbile hayatujali. Katika The Open Boat, mnara wa kinu cha upepo ulioko ufukweni umewapa mgongo watu wanaokufa, na si kwa chuki. Lakini mtazame Henry msituni akimrushia kindi tunda la msonobari. Kindi anakimbia, naye anafurahi: kumbe kukimbia ni sheria ya maumbile! Hatua chache mbele, mahali pa miti palipotulia kama kanisa, anakutana na maiti na sisimizi wakitembea usoni. Crane anamcheka mtu anayetumia maumbile kama kisingizio. Na katika The Blue Hotel, hadithi yake ya 1898, Mswidi aliyemshutumu kijana Johnnie kwa udanganyifu kwenye karata anauawa, na inabainika mwishoni kwamba Johnnie alikuwa kweli akidanganya, na mgeni kutoka Mashariki ya nchi alimwona akanyamaza. Angeweza kusema. Neno la mwisho Crane anampa mchunga ng'ombe anayelalamika kwamba yeye hakufanya kitu. Wanafunzi wengi hunukuu hotuba ya yule mgeni kuhusu hatia ya wote kama "ujumbe wa mwandishi" na kuusahau mstari huu wa mwisho.

"Maggie ndicho kilichompa umaarufu." Hicho ni kitabu chake cha kwanza. Mwaka 1893 alilipa mwenyewe kukichapisha, tena kwa jina la bandia, Johnston Smith, akabaki na marundo ya nakala chumbani. Umaarufu ulikuja na The Red Badge of Courage. Maggie kikafuata mlango uliofunguliwa, kikatoka upya 1896 kikiwa kimepunguzwa makali.

"Alikufa kwa kasumba na pombe." Uvumi huu ulianza akiwa hai. Aliandika makala kuhusu wavuta kasumba wa New York, na mwaka 1896 alisimama mahakamani kumtetea mwanamke ambaye polisi walimshtaki kwa ukahaba. Tangu hapo polisi na magazeti ya udaku hawakumwacha. Kilichomuua ni kifua kikuu, tarehe 5 Juni 1900, Badenweiler, Ujerumani, akiwa na miaka 28. Alikuwa na riwaya mkononi, The O'Ruddy, na ikabidi mwandishi mwenzake Robert Barr aimalizie.